Kumtoa kijana mjini si kumpa shamba

KILA uchumi unapobana, ushauri huwa ule ule. Ukipiga simu nyumbani kusema kibarua kimeisha, mjomba atakuuliza, "Si urudi ushago ulime?" Ukiwa ndani ya matatu, redio inampa nafasi mheshimiwa fulani anayelalamika kwamba vijana wameiacha ardhi ilale huku wao wakisongamana mijini. Hata mwenye nyumba anapokuja kudai kodi ya mwezi wa pili, huongeza lake: "Kwani kwenu hakuna shamba?"

Hakuna ubaya kuambiwa ulime. Wengi wetu karo yetu ililipwa kwa majani chai, maziwa, mahindi au mbuzi wa nyanya. Anayedharau jembe amesahau alikotoka. Tena wapo vijana wenzetu ambao wameshika kilimo na wameomoka kweli, na hatuwaonei wivu.

Shida ni kwamba ushauri huu hutolewa kana kwamba shamba ni kazi iliyowekwa mahali, inamngoja tu mwenyewe apande basi la jioni. Pia hutolewa na watu ambao mara nyingi hawataki kuulizwa swali linalofuata. Shamba la nani? Nitakula nini kabla ya mavuno? Nikishavuna nitamuuzia nani?

Maswali hayo si ya kijana mvivu. Yaliulizwa zamani, na watu waliokuwa na njaa kuliko sisi, katika nchi yenye pesa kuliko yetu. Majibu yake yapo katika historia, na ni vyema tuyasome kabla hatujapandishwa lori.

Marekani walipoishiwa na kazi

Soko la hisa la New York liliporomoka Oktoba 1929, na miaka iliyofuata ikawa ya mdororo mkuu wa uchumi. Kufikia 1933, takriban mfanyakazi mmoja kati ya wanne nchini Marekani hakuwa na kazi. Viwanda vilifungwa, benki zikaanguka na wachimba migodi wakabaki wamekaa vibarazani mikono mitupu. Watu walipanga foleni mijini kungojea mkate na supu.

Rais Franklin D. Roosevelt alipoingia madarakani Machi mwaka huo, mojawapo ya mawazo yaliyopata nguvu lilikuwa hili hili tunaloambiwa leo: watoe watu wasio na kazi, wape ardhi, wajilishe. Sheria ya kufufua viwanda iliyopitishwa Juni 1933 ilitenga dola milioni 25 za kujenga makazi yenye mashamba madogo. Miaka miwili baadaye, Mei 1935, ikaundwa idara nzima ya kuwahamisha watu hadi makazi mapya, ikiongozwa na Rexford Tugwell, profesa wa uchumi.

Kwa hivyo hili halikuwa tamko la mkutano wa hadhara. Lilikuwa na sheria, bajeti, maafisa na ramani. Hata mke wa rais alilivalia njuga. Tuone basi lilifika wapi.

Kijiji cha mke wa rais

Agosti 1933, Eleanor Roosevelt alitembelea Scotts Run, bonde la migodi ya makaa ya mawe katika jimbo la West Virginia. Alichokiona kilimshtua: familia za wachimba migodi zikiishi katika vibanda vilivyojaa masizi, maji machafu, watoto wenye njaa. Haukupita muda serikali ikanunua shamba katika jimbo hilo hilo, na kijiji kipya kikaanza kujengwa. Kikaitwa Arthurdale.

Mpango ulipendeza. Kila familia ingepata nyumba safi na ekari chache za kulima chakula chake na kufuga kuku na ng'ombe. Pesa za matumizi zingetoka katika kiwanda ambacho kingejengwa kando ya kijiji. Yaani, shamba la kula na kiwanda cha mshahara. Waliopanga walijua kitu ambacho wengi wanaotuambia "rudi shamba" hawataki kukisema: ekari tatu nne zinaweza kukulisha, lakini haziwezi kulipa kila kitu.

Mambo yakaanza kwenda mrama mapema. Kwa haraka ya kuwaingiza watu kabla ya baridi, ziliagizwa nyumba 50 zilizotengenezwa kiwandani. Zilipofika, hazikutoshea misingi iliyokuwa imejengwa, na kuta zake zilikuwa nyembamba mno kwa baridi ya milimani. Ikabidi zibomolewe hapa, ziongezwe pale, na gharama ikapanda vibaya. Magazeti na wapinzani wa serikali wakapata la kusema.

Pigo kubwa lakini lilikuwa la kiwanda. Serikali ilitaka wanakijiji wawe wakitengeneza samani za posta. Wabunge wakakataa kutoa pesa, baadhi wakihofia kwamba kiwanda cha serikali kingenyang'anya tonge viwanda vya watu binafsi. Vikajaribiwa viwanda vingine, hata cha kuunganisha mashine za kufyonza vumbi, lakini havikudumu. Familia 165 zikawa na nyumba nzuri, viazi ghalani, na mfuko mtupu. Kilichorudisha ajira za kutosha hatimaye ni Vita vya Pili vya Dunia, wala si shamba. Kufikia 1947 serikali ilikuwa imeuza mali yote ya kijiji hicho, kwa hasara.

Kuna jambo jingine kuhusu Arthurdale ambalo halipendezi kusimulia. Katika migodi ya Scotts Run walifanya kazi Wazungu wazaliwa, wahamiaji kutoka Ulaya na Wamarekani weusi, wote wakiteseka pamoja. Lakini wakati wa kugawa nyumba, weusi walifungiwa nje, na wahamiaji vilevile. Umaskini haukuwa umechagua rangi, msaada ukachagua.

Hata hivyo, tuseme ukweli wote. Waliobahatika kuingia walijua wamepata nini. Watoto walitoka katika masizi wakapata shule, hewa safi na maziwa. Nyumba nyingi za kijiji hicho bado zimesimama, na katika baadhi yake wanaishi wajukuu wa wale wachimba migodi. Ukiuliza hesabu za serikali, mradi uliferi. Ukiuliza mama aliyemtoa mwanawe Scotts Run, huenda angekujibu vingine.

Kabichi kubwa, soko dogo

Jaribio la pili lilifanyika mbali zaidi, Alaska. Mwezi Mei 1935, zaidi ya familia 200 zilichukuliwa kutoka Minnesota, Wisconsin na Michigan, majimbo ya kaskazini yenye baridi kali, zikasafirishwa kwa reli na meli hadi Bonde la Matanuska. Fikra ilikuwa kwamba watu waliozoea theluji wangeyaweza maisha ya huko.

Walipofika Palmer walikuta mahema. Wakatumbukiza mikono kwenye sanduku wakachagua vijikaratasi, na kila familia ikapata namba ya shamba lake, nyingi zikipata ekari 40. Hawakupewa bure. Ardhi, nyumba na vifaa viliandikwa kwenye daftari la deni, walipe kwa miaka 30 kwa riba ya asilimia tatu.

Ekari 40! Kwa mtu wa Kiambu au Vihiga, ambako shamba la babu limegawanywa hadi limebaki upana wa njia ya ng'ombe, hiyo ni ndoto. Lakini ekari zenyewe zilikuwa msitu. Kabla ya kupanda ilibidi kukata miti, kung'oa visiki na kusafisha, kazi ya miaka. Majira ya kulima ni mafupi, baridi ikirudi imerudi. Watu walilalamika kuhusu bei za bidhaa, shule na matibabu, hata wakatuma simu za maandishi hadi Washington. Baadhi walifunga virago kabla hata mwaka haujaisha.

Ardhi yenyewe haikuwa mbaya. Kiangazi cha huko jua halitui hadi usiku wa manane, na mboga hukua hadi kutisha. Mwaka 2012, katika maonyesho ya kilimo ya Palmer, ilipimwa kabichi moja yenye uzani wa zaidi ya kilo 62. Fikiria kubeba hiyo kwa boda.

Lakini kabichi haijui kujiuza. Wakulima wale walikuwa na shamba na hawakuwa na wanunuzi wa kutosha. Kilichowaokoa waliosalia ni vitu vitatu. Cha kwanza ni chama cha ushirika, kilichokuwa na kiwanda chake cha maziwa, hivyo mkulima hakusimama barabarani na mtungi akingoja broka. Cha pili ni reli iliyowafikisha Anchorage. Cha tatu ni kambi za kijeshi zilizojengwa Anchorage kuanzia 1940, zikaleta maelfu ya midomo ya kula viazi na kunywa maziwa. Soko hilo halikupangwa na aliyewapeleka. Lililetwa na vita.

Hata kwa msaada huo wote, kufikia 1940 zaidi ya nusu ya familia za kwanza zilikuwa zimeondoka. Waliobaki, baadhi walinunua mashamba ya walioondoka, kwa sababu ekari 40 hazikuwatosha.

Na ile idara ya Profesa Tugwell? Ilipanga kuhamisha mamia ya maelfu ya watu, ikaishia kuhamisha elfu chache tu. Mwaka 1937 ikabadilishwa jina na kupewa mwelekeo mpya, wa kuwakopesha wakulima ambao tayari walikuwa na mashamba. Nchi tajiri ilikuwa imegundua kwamba kumhamisha mtu mmoja na kumweka sawasawa ni ghali sana, na kumhamisha bila kumweka sawasawa ni ghali zaidi.

Nguvu Kazi

Mtu anaweza kusema hayo ni ya Wazungu na theluji yao. Basi tuvuke mpaka tu hapa Namanga.

Mwanzoni mwa miaka ya 1980 uchumi wa Tanzania ulikuwa hoi. Vita dhidi ya Idi Amin vya 1978 na 1979 vilikuwa vimekausha hazina, mafuta yalikuwa yamepanda bei, na madukani sukari na sabuni zilikuwa za kutafutwa kwa tochi. Dar es Salaam ilijaa watu waliokuwa wakijitafutia: wachuuzi, wasukuma mikokoteni, wang'arisha viatu.

Mwaka 1983 ikapitishwa sheria ya nguvu kazi, wakati Edward Sokoine akiwa Waziri Mkuu. Kila mtu mwenye uwezo alitakiwa awe na kazi inayotambuliwa. Asiyekuwa nayo alihesabiwa mzururaji, na mzururaji angeweza kukamatwa na kupelekwa kijijini au kwenye mashamba akazalishe mali. Misako ikafanywa. Watu walioamka alfajiri kwenda kuuza karanga wakajikuta ndani ya magari.

Tazama vizuri walioitwa wazururaji. Msukuma mkokoteni anafanya kazi kuliko wengi walioketi ofisini. Kosa lake lilikuwa kwamba kazi yake haikuandikwa mahali.

Matokeo yake mnaweza kuyakisia. Wengi waliopelekwa walirudi mjini, kwa sababu huko walikopelekwa hakukuwa na lolote la kuwashikilia. Na historia ina utani wake: baadaye jina hilo hilo la Nguvu Kazi likawa jina la leseni ya mfanyabiashara mdogo. Yaani neno lililotumika kumkamata mchuuzi ndilo lililokuja kumpa kibali cha kuchuuza. Serikali ilikuwa imekubali, polepole na kwa shingo upande, kwamba alichokuwa akifanya ilikuwa kazi.

Hapa kwetu nyumbani

Sisi nasi hatuko mbali na habari hizi. Miaka ya kwanza ya uhuru, vijana walimiminika Nairobi wakitafuta ajira, na Mzee Jomo Kenyatta akawahimiza warudi mashambani. Wakati huo angalau palikuwa na mashamba ya kugawa. Chini ya mpango wa ekari milioni moja, ulioanza 1962, ardhi ilinunuliwa kutoka kwa walowezi katika maeneo kama Nyandarua na ikagawiwa takriban familia 35,000.

Ulikuwa mpango mkubwa, na uliwapa watu wengi mahali pa kuita nyumbani. Wapo wasomaji wetu ambao babu zao walianzia pale. Lakini walioingia waliingia na deni. Walitakiwa kulipia ardhi ambayo wengi waliamini ilikuwa yao tangu mwanzo, na malipo yakawalemea wengi wao. Vilevile baadhi ya vibarua waliokuwa wakiishi katika mashamba yale kwa miaka mingi walijikuta nje, wakitazama wengine wakipimiwa viwanja. Shida za watu wasio na ardhi ambazo hazikutatuliwa wakati huo zimetufuata hadi leo, tena nyakati nyingine kwa damu.

Leo hali ni nyingine kabisa. Sensa ya 2019 ilituhesabu watu zaidi ya milioni 47, na karibu robo tatu yetu tulikuwa chini ya umri wa miaka 35. Ardhi haijaongezeka hata hatua moja. Sehemu kubwa ya nchi ni kame, na ile yenye rutuba imegawanywa kwa warithi hadi imechoka, au imemea nyumba za kupangisha. Kwa hivyo anapotokea mtu akasema vijana wote warudi shamba, ana wajibu wa kutuonyesha shamba hilo kwa kidole.

Tunachoshikilia

Msimamo wetu ni kwamba kilimo kinaweza kuajiri vijana wengi wa nchi hii, lakini kwa sharti moja: lengo liwe kumjenga kijana, si kuusafisha mji. Malengo hayo mawili yanafanana ukiyatazama kwa mbali, ila hayazai matokeo sawa. Anayetaka kusafisha mji humaliza kazi yake siku lori linapoondoka. Anayetaka kumjenga kijana, siku hiyo ndiyo anaanza kazi.

Unaweza kuwatofautisha kwa kuuliza maswali machache, nasi tunakusihi uyaulize kila unapoletewa mpango wa kilimo cha vijana, uwe wa serikali, wa kaunti, wa shirika au wa mjomba.

La kwanza, karatasi iko wapi? Kulima shamba la mzee kwa idhini ya mdomo ni kucheza kamari. Ukishaweka mbolea, ukachimba kisima na mazao yakaanza kuonekana, ndipo binamu anakumbuka kwamba kipande hicho kilikuwa chake. Kama si hatimiliki, basi uwe na mkataba wa kukodi ulioandikwa na kushuhudiwa, wa miaka ya kutosha kurudisha ulichotumia. Na wazee wetu, kama kweli mnataka turudi, tuandikieni. Shamba ambalo mwana haruhusiwi kulikata mti mmoja bila kuitiwa kikao, benki haiwezi kulikubali na yeye hawezi kulipangia.

La pili, na dada yetu je? Arthurdale iliwafungia nje watu weusi. Sisi tunawafungia nje mabinti. Katiba ya 2010, katika Kifungu cha 60, imeagiza ubaguzi wa kijinsia katika masuala ya ardhi uondolewe. Lakini katika boma nyingi msichana akiambiwa "rudi shamba", anarudi kulima shamba la kaka. Palizi ni yake, pesa za mavuno si zake. Mpango wowote unaodai hati ya ardhi ya familia kama dhamana, bila kujali hati hizo zimeandikwa majina ya nani, umeshawaacha nje nusu ya vijana.

La tatu, nitakula nini nikingoja? Nyanya zinataka miezi mitatu hivi. Mahindi ya nyanda za juu, zaidi ya nusu mwaka. Parachichi la kupandikizwa, miaka mitatu hivi kabla hujaona cha maana. Tumbo halingoji parachichi. Familia za Matanuska zilikatiwa miti zikiwa kwenye mahema na deni likipanda, ndiyo maana wengi walikata tamaa. Mkopo unaoanza kudaiwa mwezi unaofuata, ilhali mbegu bado iko ardhini, huo si msaada. Ni mtego.

La nne, nani atanunua? Hili ndilo linalozika vijana wengi, na ndilo linaloulizwa mwisho. Watu huingia shambani kwa kutazama video ya mtu aliyevuna tikiti maji na kuhesabu mamilioni, wote wanapanda tikiti maji msimu mmoja, bei inaanguka, broka anakuja na bei yake mfukoni. Kulima peke yako ukiuza peke yako ni kumfanyia broka kazi. Somo la bonde lile la Alaska ni chama cha ushirika chenye mashine yake, barabara inayopitika, na mnunuzi anayejulikana kabla ya kupanda. Shule zetu, hospitali na kambi hununua chakula kila wiki. Serikali ikitaka kujua jinsi ya kuajiri vijana wakulima, ianze kwa kununua kwao, tena iwalipe kwa wakati.

La tano, nikishindwa naweza kutoka? Mtu mzima huruhusiwa kujaribu na kuacha. Zaidi ya nusu ya familia za Matanuska ziliondoka, na hazikuwa za wavivu. Ziliona hesabu haikubali. Mpango unaomwita kila anayeondoka mvivu au mzururaji, huo ni kifungo chenye mboga.

Kwa wanaotushauri

Wazee na waheshimiwa, tunawasikia. Tunajua wengi wenu mnasema kwa upendo. Lakini acheni kuligeuza neno "shamba" kuwa njia ya kufunga mazungumzo. Kijana akisema hana kazi, anazungumza kuhusu nchi: viwanda vilivyofungwa, nafasi zinazopewa watoto wa wenyewe, kodi na ada zinazomla hasla mdogo kabla hajauza chochote. Kumjibu "nenda ukalime" ni kumgeuza yeye ndiye kosa.

Pia tuache kuliona jiji kama jaa la watu waliopotea. Yule anayeuza mayai ya kuchemsha usiku, anayefua nguo za watu Pipeline, anayebeba magunia Wakulima, huyo yuko kazini. Hata mboga za shambani haziwezi kufika kwa mlaji bila mikono yake. Mkulima wa Kinangop na mama mboga wa Githurai ni mnyororo mmoja. Ukikata upande mmoja, mwingine unaoza na kabichi zake.

Na kwako kijana unayesota, uamuzi ni wako, usisukumwe na aibu. Kama kuna ardhi ya kuaminika, una mwenzako wa kushirikiana naye, umejua mnunuzi na una akiba au kazi ndogo ya kukushikilia miezi ya kwanza, nenda. Anza na robo ekari, ujue udongo na soko kabla hujauza pikipiki. Si lazima ukate mguu mjini. Hata waliobuni Arthurdale walijua kwamba familia inahitaji shamba na mshahara pamoja. Kosa lao lilikuwa kujenga nyumba kwanza na kutafuta mshahara baadaye.

Lakini kama huna hata kimoja kati ya hivyo, usikubali kuambiwa kwamba umekataa kazi. Hujapewa kazi bado, umeonyeshwa tu barabara ya kutoka mjini.

Msimu wa mvua ukikaribia, mheshimiwa atasimama tena jukwaani na kusema vijana warudi shamba. Tunaomba mmoja wenu ainue mkono na kumuuliza kwa heshima: Mheshimiwa, shamba lipi, maji yatoke wapi, na nani atanunua? Akijibu yote matatu, jembe tunalo.